Fidla Haikuzaliwa na Rangi

Lipo swali linaloulizwa kwa tabasamu na kwa adabu zote, nalo ni ovu: ilikuwaje mwanamke mweusi akaupenda muziki wa Wazungu? Huzuka kila mara msanii mwenye asili ya Kiafrika anapopanda jukwaani Marekani, fidla begani, akaimba nyimbo za mashamba ambazo biashara imezipa jina la kantri. Muulizaji hujiona muungwana. Hadhani kuwa amemtukana mtu. Lakini ndani ya swali lake mna hukumu iliyokwisha kutolewa zamani: kwamba nyumba ina mwenyewe, kwamba mwenyewe ni Mzungu, na kwamba huyu aliyesimama mlangoni na fidla yake ni mgeni aliyekaribishwa kwa hisani.

Kazi ya Rhiannon Giddens, mwimbaji na mpiga fidla na banjo wa North Carolina, yatosha kuivunja hukumu hiyo vipande vipande. La kustaajabisha ni kuwa hata wanaomsifu hawataki kuivunja. Humsifu kama muujiza, kama ua lililoota juu ya mwamba. Na kumwita mtu muujiza mahali alipozaliwa ni njia ya heshima ya kusema kwamba hapakuwa pake.

Giddens alizaliwa Greensboro mwaka 1977, baba Mzungu, mama mweusi. Alisomea uimbaji wa opera katika chuo cha Oberlin, jimbo la Ohio, akahitimu mwaka 2000. Aliporudi kwao akavutwa na ngoma za kijiji, zile ambazo watu hupangana safu mbili wakitazamana na mwitaji huwaitia hatua kwa sauti. Akawa mwitaji. Kisha akashika fidla, kisha banjo. Mwezi wa Aprili mwaka 2005, katika mji wa Boone, ulifanyika mkutano wa wapiga banjo weusi na wapenzi wao, na kutokana na mkutano huo likazaliwa kundi la Carolina Chocolate Drops: yeye, Dom Flemons na Justin Robinson. Santuri yao ya mwaka 2010, Genuine Negro Jig, iliwapatia tuzo ya Grammy mwaka uliofuata. Hayo yanajulikana, na kila mwandishi wa magazeti huyarudia. Lisilorudiwa vya kutosha ni habari za mzee aliyewafundisha.

Mzee huyo ni Joe Thompson wa Mebane, aliyezaliwa mwaka 1918. Fidla aliirithi kwa baba yake, na baba yake aliirithi kwa babu aliyeishi utumwani. Miaka mingi alifanya kazi katika kiwanda cha samani, na jioni akapiga fidla pamoja na binamu yake Odell, mpiga banjo, katika ngoma za baada ya kumenya mahindi. Hakusoma noti. Mwaka 2001 alipata kiharusi kilichomtia mkono ulemavu, naye akaendelea kupiga. Kwa mzee huyu ndiko vijana watatu walikokwenda wiki baada ya wiki, wakakaa kitako sebuleni kwake, wakamfuata upinde kwa upinde. Hakuwapa hotuba juu ya asili ya Mwafrika. Aliwapigia wimbo, wakaukosea, akaupiga tena. Mtu aliyepata kukaa mbele ya fundi wa udi au wa fidla mjini Unguja anaujua ufundishaji huo, na anajua kuwa hauna njia ya mkato.

Sasa na aulizwe muulizaji wa tabasamu: katika sebule ile ya Mebane, mgeni ni nani?

Fidla mikononi mwa watu weusi wa Marekani si jambo la jana. Magazeti ya Virginia ya karne ya kumi na nane yalikuwa yakichapisha matangazo ya mabwana waliotorokwa na watumwa wao, na katika kueleza alama za mtoro, pamoja na urefu wake na kovu la usoni, huandikwa mara nyingi kwamba mtu huyo hupiga fidla. Bwana aliandika hivyo ili mtu wake akamatwe. Hakujua kwamba anawaandikia watu wa baadaye ushahidi. Solomon Northup, mtu huru wa New York, alikuwa mpiga fidla. Mwaka 1841 alihadaiwa na watu wawili waliomwahidi ujira wa kupiga fidla katika sarakasi, wakamfikisha Washington, akatiwa minyororo na kuuzwa Louisiana. Alikaa utumwani miaka kumi na miwili, akakombolewa Januari 1853, na mwaka huohuo akachapisha kitabu cha masaibu yake. Fidla ndiyo iliyokuwa chambo, na fidla hiyohiyo ndiyo iliyomfariji huko shambani. Na banjo, ambayo leo mtu akiisikia huona kofia pana na uso mwekundu wa mkulima wa milimani, ilitoka na Waafrika wa Magharibi, ikiwa kibuyu kilichowambwa ngozi na kutiwa mpini, jamaa wa vyombo ambavyo hadi leo hupigwa Senegal na Gambia.

Ilikuwaje, basi, historia nzima hiyo ikafutika? Wengi hujibu kwa neno moja, ubaguzi, kisha wakanyamaza kana kwamba wamekwisha eleza. Ubaguzi ulikuwapo tangu merikebu ya kwanza ya watumwa, na bado fidla nyeusi ililia miaka mia mbili katika ngoma za mabwana. Kilichoifuta ni kitu kidogo zaidi na cha aibu zaidi: rafu ya duka.

Mwaka 1920 Mamie Smith, mwanamke mweusi, alirekodi wimbo wa buluzi katika kampuni ya OKeh, ukanunuliwa kwa wingi na watu weusi. Wenye kampuni walipanua macho. Mwezi wa Juni mwaka 1923 kampuni hiyohiyo ilikwenda Atlanta ikamrekodi John Carson, mwimbaji na mpiga fidla wa Georgia. Muuza duka wa huko aliagiza nakala mia tano, zikaisha, akaagiza nyingine. Wenye kampuni wakapanua macho mara ya pili. Sasa walikuwa na wanunuzi wa aina mbili, na kwa kuwa katika majimbo ya Kusini watu hao hawakuruhusiwa kukaa behewa moja la gari la moshi, ikaonekana ni busara hata nyimbo zao zisikae katika orodha moja. Kampuni ya Columbia iliweka namba kuanzia 14000 kwa santuri za watu weusi, na kuanzia 15000 kwa nyimbo za zamani za Wazungu wa mashambani. Hiyo ndiyo mipaka ya asili ya utamaduni inayopiganiwa hadi leo! Imechorwa na karani wa mauzo.

Wapiga fidla weusi hawakukosa. Mwaka 1927, mjini Charlotte, Andrew Baxter, mpiga fidla mweusi wa Georgia, alirekodi wimbo mmoja pamoja na kundi la Wazungu liitwalo Georgia Yellow Hammers, na asikilizaye hawezi kutambua kwa sikio ni rangi gani iliyoshika upinde. Lakini mara nyingi mweusi alipofika na fidla yake aliambiwa aimbe buluzi, maana ndiyo iliyouzika katika orodha yake, na Mzungu aliyejifunza buluzi kwa jirani yake mweusi aliambiwa apige nyimbo za babu. Kila mmoja akarekodiwa nusu yake. Miaka hamsini baadaye wakaja wataalamu, wakazikuta santuri, wakahesabu, wakaandika kwamba watu weusi hawakuwa na desturi ya fidla. Orodha ya bei ikageuka historia.

Wapo pia waliousaidia uongo huo kwa makusudi. Mashindano makubwa ya wapiga fidla yaliyoanza Atlanta mwaka 1913 yaliwafungia mlango weusi. Katika miaka ya 1920 Henry Ford, mwenye viwanda vya magari, huku gazeti lake likieneza chuki dhidi ya Mayahudi, alitumia mali yake kuzifufua ngoma za zamani na mashindano ya fidla ili ziwe dawa ya jazi, ambayo kwake ilikuwa maradhi. Fidla aliyoilea shambani mtumwa ikafanywa ngao ya Uzungu. Nani angeweza kubuni kejeli kubwa kuliko hiyo?

Msomaji wa visiwani asidhani kuwa kesi hii ni ya ng'ambo tu. Waingereza wana majina mawili kwa chombo kimoja: kikiwa ukumbini mbele ya watu waliovaa suti ni "violin", kikiwa uwanjani kwenye vumbi na ngoma ni "fiddle". Kiswahili, katika kuchagua, kilichukua jina la uwanjani, kikaliita fidla, na kwa jina hilohilo kikaiketisha fidla katikati ya taarab pamoja na udi na kanuni. Lakini hata hapa wako wasemao kwamba taarab ni ya Waarabu na kwamba kila alichokitia Mswahili ni uharibifu, na wako wajibuo kwamba, kwa vile ni ya Waarabu, basi si utamaduni wa Kiafrika na isihesabiwe. Makundi haya mawili hugombana usiku kucha nayo yamelala kitanda kimoja. Ikhwan Safaa ilipoasisiwa mwaka 1905 nyimbo zilikuwa za Kiarabu. Siti binti Saad, mzaliwa wa Fumba, mtoto wa watu waliotumikishwa, aliporekodi Bombay mwaka 1928 aliimba kwa Kiswahili, na fidla haikumkataa. Chombo hakimuulizi mtu nasaba yake.

Turudi Marekani, maana huko kuna jambo moja ambalo msomaji wa pwani atalielewa haraka kuliko Mmarekani mwenyewe.

Kiasi cha mwaka 1770, katika nchi ya Futa Toro, iliyo leo Senegal, alizaliwa Omar ibn Said, Mfulani, mwanachuoni aliyesoma elimu ya dini kwa miaka mingi. Alitekwa, akafikishwa Charleston mwaka 1807, akatoroka bwana katili, akakamatwa Fayetteville na kutiwa jela, na inasimuliwa kwamba aliziandika kuta za jela kwa Kiarabu mpaka watu wakaja kutazama. Akanunuliwa na jamaa ya Owen. Mwaka 1831 aliandika kwa mkono wake habari za maisha yake kwa lugha ya Kiarabu, na akazifungulia kwa Surat al-Mulk, sura isemayo ufalme ni wa nani. Mtu aliyemilikiwa na mtu alianza kitabu chake kwa sura hiyo. Mabwana walimtangaza kuwa amekwisha iacha dini yake. Hati yenyewe ina maneno ya chini kwa chini ambayo mabwana hawakuweza kuyasoma. Alikufa mtumwa, kabla vita vya wenyewe kwa wenyewe havijaisha. Hati hiyo leo imo katika Maktaba ya Bunge la Marekani.

Giddens aliyachukua maisha hayo akayatungia opera, Omar, maneno yake mwenyewe, muziki akishirikiana na Michael Abels. Ilionyeshwa kwa mara ya kwanza Charleston mwezi wa Mei mwaka 2022, katika mji uleule aliposhushwa Omar na kuuzwa, na mwaka 2023 ikapata tuzo ya Pulitzer ya muziki. Wafulani wa upande ule wana fidla ya uzi mmoja, kibuyu kilichowambwa ngozi na uzi wa singa za farasi. Basi yule mwanamke aliyesomea opera Oberlin na fidla Mebane hakuwa na kazi mbili. Ilikuwa kazi moja tangu mwanzo, na waliomtaka achague baina ya ukumbi na uwanja walikuwa wakimtaka akate mguu mmoja ili atembee vizuri.

Hapa lazima isemwe kweli nyingine, isije makala ikawa kasida. Sauti ya Giddens si kila mara inaupata wimbo wake. Katika Tomorrow Is My Turn, santuri yake ya kwanza peke yake, ya mwaka 2015, mna mahali ambapo kila konsonanti imepigwa pasi, na mafunzo ya ukumbini yanausukuma wimbo kwa nyuma mpaka uchovu wa shamba unatoweka. Msikilizaji aliyezoea sauti ya Joe Thompson, iliyokwaruza kama mlango wa zizi, atamwonea Giddens usafi uliozidi. Santuri ya pili, Freedom Highway ya mwaka 2017, ilimtoa huko. Mna wimbo uitwao At the Purchaser's Option, alioutunga baada ya kusoma tangazo la zamani la kuuza msichana mwenye mtoto wa miezi tisa, ambaye mnunuzi akitaka humchukua pamoja na mama yake, asipotaka humwacha. Sauti haijivuni mle. Inahesabu. Mkazi wa Unguja apitaye Mkunazini, pale soko la watumwa lilipofungwa mwaka 1873, hatahitaji mkalimani.

Mwaka huohuo wa 2017 alipewa zawadi ya MacArthur, ile ya fedha nyingi na jina kubwa. Ni haki yake. Lakini heshima nazo zina hila. Muziki wa kantri una redio zake, na redio ndizo zinazomtia mtu nyumbani kwa watu, jikoni, garini, kwa kinyozi. Humo sauti yake iliingia akiwa mshirika katika wimbo wa Eric Church, mwanamume Mzungu mwenye jina, mwaka 2016. Vyuo, majumba ya makumbusho na kamati za tuzo zikampokea kwa mikono miwili. Redio zikampungia mkono kwa mbali. Hivyo mwimbaji akageuzwa mhadhiri. Humwalika aeleze historia ya banjo kwa dakika arubaini, kisha wakamwomba wimbo mmoja wa kumalizia. Kuna namna ya kumtukuza mtu ambayo ni kumtia kabatini na kufunga kioo.

Naye amelijibu hilo bila kupaza sauti. Mwezi wa Septemba mwaka 2017, mjini Raleigh, mbele ya chama cha wanamuziki wa blugrasi, alisimama akawaambia kwamba wanalitaja suala lao kinyume. Wao walikuwa wakiuliza vipi watu wa rangi mbalimbali waingizwe katika muziki huo. Yeye aliwataka waulize vipi warudishwe, kwa sababu walikuwamo. Neno hilo moja, kurudishwa, linafanya kazi ya vitabu kumi, na mfasiri yeyote ajuaye uzito wa kiambishi ataliona.

Lakini ni kosa pia kuigeuza shilingi upande wa pili na kudai, kwa hasira iliyo na haki lakini haina hoja, kwamba kantri yote ni ya weusi na Wazungu waliiba tu. Waskoti na Waayalandi walikuja na nyimbo zao na fidla zao, na nyimbo hizo ni nzuri. Giddens mwenyewe amerekodi kwa Kigaeli cha Scotland. Aliyeiba si mkulima wa milimani aliyejifunza banjo kwa jirani. Aliyeiba ni yule aliyeweka namba mbili juu ya ngoma moja, na wale waliozilinda namba hizo baada ya kampuni zenyewe kwisha.

Na namba hizo bado zina walinzi. Mwezi wa Februari mwaka 2024 Beyoncé alitoa wimbo Texas Hold 'Em, na banjo inayoufungua wimbo huo ni ya Giddens. Ukashika nafasi ya kwanza katika orodha ya nyimbo za kantri ya jarida la Billboard, na haikupata kutokea kabla ya hapo mwanamke mweusi akaishika nafasi hiyo. Mijadala ikawaka: je, hii ni kantri? Mwezi wa Septemba chama cha muziki wa kantri kilitangaza majina ya waliopendekezwa kwa tuzo zake, na jina la Beyoncé halikuwamo hata mara moja. Mwezi wa Februari 2025 santuri yake ikapata Grammy ya santuri bora ya kantri. Mabishano yote hayo yalimhusu mwenye wimbo: kofia yake, farasi wake, haki yake ya kuvaa njuti za wachunga ng'ombe. Wachache ndio waliouliza ni mkono wa nani unaopiga kibuyu kile, na mkono huo ulijifunza sebuleni kwa nani.

Mwezi wa Aprili mwaka 2025 Giddens na Justin Robinson walitoa santuri ya nyimbo kumi na nane za zamani za North Carolina, What Did the Blackbird Say to the Crow. Watu waliotazamia opera nyingine, au maelezo mengine, hawakupata. Ni fidla ya Robinson na banjo ya Giddens, basi. Hawakuingia studio. Walipiga nje, hewani, na miongoni mwa mahali walipokaa ni Mebane, nyumbani kwa Joe Thompson, ambaye alifariki mwaka 2012. Ndege wanasikika, na nyenje wanasikika, tena wakati mwingine nyenje wanaizidi banjo, na hakuna aliyewanyamazisha.